Si kila Nahodha ni mzao wa Mshirazi

Mhariri,

Katika makala yenu kuhusu majina ya koo za pwani, mwandishi amelimaliza jina la Nahodha kwa sentensi moja: neno ni la Kiajemi, basi wenye jina ni wazao wa manahodha wa Kishirazi. Nusu ya kwanza ni kweli. Nusu ya pili haifuati hata kidogo, na kwa kuwa watu wameshaanza kuipangia nasaba zao, naomba nafasi niipinge.

Neno limeungwa kwa vipande viwili vya Kiajemi. Nav ni chombo cha majini. Khuda ni bwana au mwenye kitu, na ndiyo khuda ileile wanayoitaja majirani zetu wa Kihindi wakiagana, "Khuda hafiz", kwa maana ya Mola. Kwa asili, basi, nahodha ni mwenye chombo. Kukiendesha ni shauri jingine. Zaidi ya nusu ya mkanganyo wa jina hili umo humo.

Sasa tazama herufi yetu ya dh. Waajemi wa leo husema nakhuda, na Wahindi waliolichukua neno kwao husema vivyo hivyo, kwa d. Waarabu husema nakhudha, kwa dhali, kwa kuwa walilipokea zamani, wakati Waajemi wenyewe walikuwa wakitamka d iliyofuata irabu kama dh. Baadaye Waajemi wakarudi kwenye d, Waarabu wakabaki na dhali yao. Nasi tuna dh. Kwa hesabu ya kawaida neno limetufikia kwa mdomo wa Mwarabu. Atakayeshikilia kwamba limetoka moja kwa moja kwa Waajemi wa kale hatakosa la kusema, lakini hata akishinda atakuwa amethibitisha safari ya neno tu. Meza ni ya Wareno na hakuna anayeuliza kama seremala wake alitoka Lisbon.

Neno lenyewe limetembea kuliko ukoo wowote. Wamalai wanasema nakhoda. Wareno walilichukua wakaliandika nacodá. Huko Brunei, Sultani Bolkiah, aliyetawala mwishoni mwa karne ya 15 na mwanzoni mwa karne ya 16, anakumbukwa kwa lakabu ya Nakhoda Ragam. Sultani mzima, na Mmalai, anaitwa nahodha. Kwa mantiki ya makala yenu naye tumpe Ushirazi.

Maana ya umiliki ndiyo kongwe, na ushahidi upo. Katika barua za wafanyabiashara wa Bahari ya Hindi za karne ya 11 na ya 12, zilizohifadhiwa katika sinagogi la Fustat, Cairo ya kale, nakhuda kwa kawaida ni mwenye merikebu, awe anasafiri nayo au amebaki bandarini akihesabu mali. Mmoja wao, Mahruz bin Yaaqub, alikuwa Myahudi.

Ushahidi ninaoupenda zaidi uko Veraval, pwani ya Gujarat, karibu na Somnath. Mwaka 1264 Nuruddin Firuz wa Hormuz alijenga msikiti pale, na habari zake zikachongwa kwenye mawe kwa lugha mbili, Kiarabu na Kisanskriti. Kinachotuhusu hapa ni jina. Kwa Kiarabu yeye ni nakhuda, mwana wa nakhuda Abu Ibrahim. Kwa Kisanskriti mchongaji amefupisha cheo kuwa "Nau." kisha akaandika Piroja, mwana wa "Nau." Abu Brahima. Hapo cheo kimeshashuka kutoka kwa baba kwenda kwa mwana, na bado kinaandikwa mbele ya jina, kama sisi tunavyoandika Bw. au Dkt. Hakijawa jina la ukoo. Kimekaribia. Na umiliki haukupotea upesi huko India: Msikiti wa Nakhoda mjini Kolkata, ulioanza kujengwa 1926 na Wamemoni, Waislamu wafanyabiashara wa Kutch huko Gujarat, umeitwa hivyo kwa sababu mfadhili wake mkuu alikuwa tajiri wa meli.

Kwetu maana imepinda. Kiswahili kimegawa kazi: mwenye mali ni mwenye chombo, au tajiri, anayetoa amri chombo kikiwa majini ni nahodha, serehangi anasimamia mabaharia, rubani anajua njia na miamba, na aliyekaa kwenye usukani ana jina lake. Methali inathibitisha mgawo huo: manahodha wengi, chombo huenda mrama. Jahazi likimilikiwa na ndugu wanne kwa hisa, haliendi mrama kwa sababu hiyo. Linakwenda mrama likiwa na watoa amri wanne. Aliyetunga methali hii alikuwa ameshaisahau maana ya Kiajemi, na hakuihitaji.

Kwa hiyo Nahodha wa Gujarat, Nahodha wa Kuwait na Nahodha wa Pemba hawasemi jambo moja. Huko Ghuba neno lilimhusu pia mkuu wa chombo cha wapiga mbizi wa lulu, ambaye aliwakopesha wapiga mbizi kabla ya msimu na kuwadai baadaye. Mtu wa huko akisema babu yake alikuwa nahodha, huenda anazungumzia mkopeshaji. Kwetu huku huenda anazungumzia mtu asiyemiliki hata kasia.

Kabla sijaingia kwenye majina ya watu, niseme juu ya kosa kubwa kuliko yote ya aina hii, kwa kuwa lilitokea hapa pwani na bado linafundishwa. Vasco da Gama alifika Malindi katikati ya Aprili 1498, akaondoka tarehe 24 mwezi huo akiwa na rubani aliyepewa na mfalme wa Malindi, na tarehe 20 Mei akatia nanga karibu na Calicut. Waandishi wa Kireno wa baadaye wamemtaja rubani huyo: Castanheda ameandika Malemo Canaqua, Barros ameandika Malemo Cana. Vizazi vya wasomaji vikadhani ni jina lake na ubini wake. Malemo ni mwalimu, na chomboni mwalimu alikuwa mjuzi wa nyota na njia za bahari. Canaqua ni neno la Kihindi la mpiga hesabu za nyota. Alichosikia Mreno ni "mwalimu, mnajimu", kazi mara mbili, jina hata moja. Barros anasema alikuwa Mwislamu wa Gujarat. Wengine wakaja kulijaza pengo kwa Ahmad bin Majid, bingwa wa Kiarabu wa elimu ya bahari, jambo ambalo wataalamu wengi wa leo hawalikubali. Huko Kutch, Malam ni jina la watu hadi leo, na asili yake ni mwalimu huyuhuyu wa chomboni.

Basi jina la kazi linaingiaje katika nasaba ya mtu wa Unguja, Pemba, Lamu au Mombasa? Kwa milango isiyopungua mitatu.

Wa kwanza ni lakabu: mtu aliendesha chombo, akaitwa kwa kazi yake, wajukuu wakalishika. Huu ndio ambao kila mtu anaufikiria.

Wa pili ni jina la kuzaliwa. Huu hausemwi, na nadhani ndiyo njia waliyopita Nahodha wengi wa Unguja na Pemba. Tuna desturi ya kumpa mtoto neno la cheo au shughuli likawa jina lake halisi. Pemba imejaa akina Khatibu ambao hawajawahi kupanda mimbari. Wapo akina Sheha wasiokuwa masheha na akina Waziri wasio na wizara. Haji wengi hawakupata jina hilo Makka. Wamezaliwa mfungo tatu, mwezi wa Hija. Nahodha anaingia katika kundi hilo bila shida. Mtoto huitwa hivyo kwa kumrithi jina babu, na huyo babu alirithi kwa mwingine, na ukienda nyuma vizazi vitatu unakuta mkulima wa karafuu ambaye akipanda mashua hutapika.

Wa tatu ni utani au heshima ya mtaani: mkuu wa kikundi cha ngoma, wa ushirika wa kulima, wa genge la kazi. Neno kwetu lina maana pana ya kiongozi wa kundi, ndiyo maana kurasa zenu za michezo kila wiki zina nahodha wa timu asiyejua hata kuogelea.

Jinsi ya kuitambua milango hiyo si siri, ila inataka karatasi na subira. Anza kwa kuliandika jina kamili hadi babu wa nne, na uangalie neno limekaa wapi. "Nahodha Juma bin Ali": neno liko mbele ya jina halisi, hicho ni cheo. "Juma bin Nahodha bin Ali": neno liko kati ya bin na bin, hilo ni jina la mtu, baba yake Juma, na halisemi lolote kuhusu kazi yake. Penye matatizo ni "Juma bin Ali Nahodha". Yaweza kuwa Juma mwana wa Ali mwana wa Nahodha, kwa kuwa bin ya pili huangushwa tangu zamani. Yaweza kuwa lakabu ya Juma. Yaweza kuwa lakabu ya Ali. Kwa herufi zetu za Kilatini huwezi kuamua, na atakayeamua anakisia.

Hapo tafuta nakala ya Kiarabu: hati ya wakfu, hati ya mauzo ya shamba, hukumu ya kadhi, cheti cha ndoa cha zamani. Kwa Kiarabu lakabu ya kazi kwa kawaida hupewa alif na lam, ikaandikwa al-nakhudha japokuwa husomwa an-nakhudha. Jina la mtu halipewi. Alama hizo mbili ndogo zimemaliza ubishi ambao wazee wangeukalia hadi alfajiri. Ila chunga: mwandishi wa Kiswahili kwa herufi za Kiarabu hakuwa akitumia alif na lam, kwa hiyo kukosekana kwake katika barua ya Kiswahili si ushahidi. Uliza kwanza hati ni ya lugha gani, si ya herufi gani. Na usiitegemee herufi ya kha. Karani wa kikoloni alikuwa akiitupa. Mtu mmoja utamkuta Nakhoda, Nacoda, Nahoda, Nakoda na Nakhuda, na ukitafuta kwa tahajia moja utasema hayumo.

Daftari za bandari ni hazina na ni mtego. Mkataba wa Brussels wa 1890, uliolenga biashara ya watumwa, ulivitaka vyombo vya wenyeji viwe na orodha ya mabaharia na viandikishwe, jina likachongwa na kupakwa rangi kwenye tezi, yaani nyuma ya chombo. Ndiyo maana kuanzia miaka hiyo karatasi za vyombo ni nyingi kuliko kabla. Bendera nayo ilileta kesi: wenye majahazi wa Sur, Omani, walipeperusha bendera ya Ufaransa, Uingereza ikalalamika, na tarehe 8 Agosti 1905 wasuluhishi wa The Hague wakaamua, pamoja na mengine, kwamba kibali cha bendera hakihamishwi kwa mtu mwingine wala kwa chombo kingine. Kwa mtafuta ukoo, hilo ni jambo la kushika: mwenye kibali, mwenye chombo na nahodha wa safari wanaweza kuwa watu watatu tofauti katika karatasi za safari moja. Ukimwona babu yako mahali pamoja usimpe kazi zote tatu.

Mtego wenyewe ni huu. Katika daftari nyingi kuna safu ya chombo, ya mwenyewe na ya nahodha, na kichwa cha safu kimeandikwa Nakhoda. Anayenakili kwa haraka hukiunganisha kichwa na jina lililo chini yake: safu inasema Salim bin Hamad, yeye anaandika Nakhoda Salim bin Hamad. Kisha fahirisi hupangwa kwa alfabeti, na chini ya N wanatokea watu 40 wanaoonekana ndugu. Hawana hata shangazi mmoja wa pamoja. Ukiona fahirisi ya namna hiyo rudi kwenye ukurasa wa asili, utazame kichwa cha safu kabla ya jina. Nyaraka za Taifa za Zanzibar ziko Kilimani, na ni heri asubuhi moja pale kuliko mwaka mzima wa kubishana barazani.

Kwa wazee napo kuna namna ya kuuliza. Ukiuliza "babu alikuwa nahodha?" utajibiwa ndiyo, kwa kuwa jina lake linasema ndiyo. Uliza chombo kiliitwaje. Familia iliyokuwa na nahodha wa kweli husahau mwaka wa kufa kwake lakini haisahau jina la jahazi. Uliza lilikuwa la aina gani, jahazi, mashua, bedeni, sambuki au bumu. Tajiri wake alikuwa nani. Lilipakia nini, boriti za mikoko za Rufiji au chumvi na papa. Lilingoja upepo gani, kaskazi ya kuanzia Desemba au kusi ya kuanzia Aprili. Jibu lenye jina la chombo, bandari na tajiri linaweza kupelekwa kwenye daftari likathibitishwa. Jibu la "alisafiri sana" halipelekwi popote. Wala msimdharau aliyeongoza mashua ya Tumbatu hadi Tanga. Naye ni nahodha kamili, ila huyo katika daftari za safari za ng'ambo msimtafute.

Kuna jambo jingine ambalo makala yenu ililiruka: kwa desturi yetu jina hili halidumu. Mtu huchukua jina la baba na la babu. Akiwapo Ali Juma Nahodha, binti yake ni Fatma Ali Juma, na Nahodha amekwishatoka. Kinacholigandisha ni fomu. Siku mtu alipoombwa jina la kwanza, la kati na la mwisho, lililokaa mwisho wakati huo ndilo lililoganda. Matokeo yake ni kwamba watoto wa ndugu wawili, mmoja aliyehamia Toronto akaandikisha pasi, mwingine aliyebaki Makunduchi, wana majina ya mwisho tofauti ingawa damu ni moja, na wa Toronto atampa jina hilo mjukuu wake wa Kanada. Kinyume chake, wawili wanaoitwa Nahodha kwenye vitambulisho wanaweza wasikutane hata kwa babu wa kumi. Shamsi Vuai Nahodha, aliyekuwa Waziri Kiongozi wa Zanzibar kuanzia 2000 hadi 2010, amelifanya jina lisikike nchi nzima, na tangu hapo kila Nahodha huulizwa kama ni ndugu yake. Jina lilelile la mwisho halitoshi kujibu swali hilo.

Huko India hali ni nyingine, kwa sababu jina la ukoo lilishikwa mapema zaidi. Pwani ya Gujarat na Konkan kuna familia za Nakhuda, Nakhwa, Sarang na Tandel, na zote ni kazi za chomboni: Sarang ni serehangi wetu, Tandel ni mkuu wa mabaharia au wa mashua. Mhindi wa pwani yetu mwenye jina la Nakhuda, basi, yuko karibu zaidi na maana ya kazi kuliko Mswahili mwenye jina la Nahodha, na wawili hao wasidhaniwe ndugu kwa kufanana kwa herufi. Tofautisha kwa d na dh. Si kipimo kamili, maana makarani wamechafua, lakini ni pa kuanzia.

Na neno lenyewe halijafa likabaki jina tu. Nenda sokoni kwa wavuvi wakati boti za mtando zinaporudi. Anayegawa, anayejibu maswali ya mwenye boti na anayetukanwa samaki wakikosekana ni nahodha, na hisa yake huzidi ya mvuvi wa kawaida. Wajukuu zake wakiitwa Nahodha mwaka 2080, mlango utakuwa ule wa kwanza, na itakuwa lakabu ya juzi tu.

Naomba mrekebishe sehemu mbili katika makala ile. Mahali palipoandikwa "ukoo wa Nahodha" kana kwamba ni mmoja, pawe "familia zenye jina la Nahodha". Na lile jina mlilolichapa "Nakhoda Salum Ali" mkalitafsiri kuwa Salum, mwana wa Ali, wa ukoo wa Nakhoda, lirudishwe kama lilivyo katika hati, bila tafsiri, hadi mtakapoonyesha kama neno la kwanza limetoka kwenye kichwa cha safu.

Msomaji wenu,
Unguja